Kupima Kimo cha Ukuta Usiokaribika

Tetemeko la ardhi la tarehe 10 Septemba 2016, lenye ukubwa wa 5.9, liliacha kuta nyingi za Bukoba zimepasuka lakini zingali zimesimama. Majengo ya Shule ya Sekondari Ihungo yalikuwa miongoni mwa yaliyoharibika vibaya. Ukuta wa namna hiyo ukianguka mzima, utafika mbali kiasi gani? Angalau umbali ulio sawa na kimo chake. Basi kimo hakina budi kujulikana, wala hakuna mwenye busara atakayeegemeza ngazi hapo.

Inasimuliwa kwamba Thales wa Mileto, katika karne ya 6 kabla ya Kristo, alipima piramidi za Misri kwa vivuli vyake. Miale ya jua hutufikia ikiwa sambamba. Hivyo ukuta na fimbo iliyosimama wima hufanya, pamoja na vivuli vyake, pembetatu mbili zenye pembe zilizo sawa. Kimo cha ukuta kwa kivuli chake ni kama kimo cha fimbo kwa kivuli chake. Mazoezi ya darasani kwa kawaida huishia hapo, nayo hayatufai, kwa sababu kivuli hupimwa kuanzia chini ya ukuta, mahali pale pale pa hatari.

Lakini tufikiri kidogo. Ikiwa kila kivuli cha ukuta ni mara 9 ya kivuli cha fimbo, tofauti ya vivuli viwili vya ukuta nayo ni mara 9 ya tofauti ya vile vya fimbo. Yatosha basi kufuata safari ya ncha ya kivuli.

Tuchukue uwanja tambarare wa Bilele, tarehe 26 Septemba. Simamisha fimbo ya mita 1 kwa timazi. Saa 2 kamili asubuhi kivuli chake kitakuwa na sentimita 290 hivi. Saa 3, sentimita 148. Ncha imesafiri sentimita 142. Saa hizo hizo, piga vigingi penye ncha ya kivuli cha ukuta. Tuseme vigingi vimeachana kwa sentimita 1278: gawanya kwa 142, upate mita 9.

Usichelewe kupima. Maadamu kivuli cha fimbo ni kirefu kuliko fimbo yenyewe, ncha ya kivuli cha ukuta iko mbali kuliko kimo cha ukuta. Pindi vinapolingana, mpimaji amekwisha kuingia mahali ukuta unapoweza kumwangukia. Na saa 6 na dakika 44 hivi mchana wa siku hiyo, jua likiwa utosini, Bukoba haina kivuli cha kupima kabisa.

Jua si nukta. Upana wake angani ni kama nusu digrii, hivyo ncha ya kivuli huwa na ukungu. Chagua sehemu ile ile ya ukungu kila mara. Kosa la sentimita 2 kwenye fimbo litaharibu kimo kwa sentimita 13 hivi. Matofali nayo hurukaruka, kwa hiyo kamba ya kuzuia watu ifungwe mbali zaidi ya mita 9.

Kwanza jaribuni njia hii kwa ukuta mzima wa darasa, kisha mhakikishe kwa ngazi na futi kamba. Mlingoti wa bendera haufai: ni mwembamba, na ncha ya kivuli chake hupotea.