Dawa Imeshatoka Mwilini, Mbona Ugonjwa Umebaki?

Leo tuzungumzie jambo linalowachanganya watu wengi majumbani. Mtu amekunywa dawa isiyo yake, au amezidisha dawa yake mwenyewe. Amekimbizwa hospitali, ametibiwa, akarudi nyumbani salama na watu wakashukuru. Baada ya mwaka mmoja au miwili anaanza kuanguka kifafa, au hasikii vizuri, au anaona ukungu. Je, huo ni ugonjwa mpya? Na tabibu anapaswa kuuandikaje?

Huenda ukadhani swali hilo la pili ni la makarani wa hospitali peke yao. Sivyo. Kwa sehemu kubwa jibu lake liko mikononi mwako wewe unayempeleka mgonjwa.

Sumu hupita, jeraha hubaki

Chukua mfano wa nyumba yoyote ya Kariakoo au Gerezani. Baba na mama wamewahi dukani alfajiri, mtoto wa miaka mitatu amebaki na bibi. Bibi ana kisukari na hutumia vidonge vya glibenklamaidi, amevifunga kwenye pindo la kanga au ameviweka kwenye kikopo mezani. Mtoto anaviona kama peremende na kumeza.

Kazi ya vidonge hivyo ni kushusha sukari ya damu. Kwa mtoto mdogo hata kidonge kimoja kinaweza kuwa hatari, na dalili zinaweza kuchelewa kwa saa kadhaa. Sukari ndiyo chakula kikuu cha ubongo. Ikishuka sana na kwa muda mrefu, sehemu za ubongo hufa. Baada ya siku chache dawa yenyewe haimo tena mwilini, lakini sehemu iliyokufa hairudi. Mtoto anaweza kubaki na kifafa, au akawa mzito wa kujifunza.

Zipo na dawa nyingine. Kwinini ikizidi huumiza macho na masikio. Sindano za jentamaisini na streptomaisini zinaweza kuua chembe za sikio la ndani, na chembe hizo hazioti tena. Mtu aliyezidisha heroini huacha kupumua vizuri, na ubongo uliokosa hewa kwa dakika kadhaa unaweza kuharibika moja kwa moja.

Ugonjwa mmoja, namba mbili

Shirika la Afya Duniani lina orodha ya kimataifa ya magonjwa, inayofahamika kwa herufi ICD. Kila ugonjwa una namba yake, ili kifafa cha Ilala kihesabiwe sawa na kifafa cha Mombasa au cha London. Toleo la 10 lilipitishwa mwaka 1990 na limetumika miaka mingi. Toleo la 11 lilianza kutumika rasmi mwaka 2022, na nchi zinahamia huko hatua kwa hatua. Mifano ninayotoa hapa ni ya toleo la 10.

Siku mtoto alipomeza vidonge, ugonjwa wake ulikuwa sumu ya dawa za kushusha sukari, namba T38.3. Miaka miwili baadaye namba hiyo haimfai tena, maana hana sumu mwilini. Sasa anaandikiwa namba mbili. Ya kwanza ni ya tatizo alilonalo leo, yaani kifafa, G40. Ya pili ni T96, ambayo maana yake ni madhara yaliyobaki baada ya sumu ya dawa. Na kwa kuwa ilikuwa ajali, huongezwa namba ya kueleza hivyo, Y86.

Kanuni yake ni nyepesi: tatizo la leo kwanza, chanzo cha jana baadaye. Tatizo huhesabiwa kuwa la kubaki pale tabibu anapolieleza hivyo, au linapokuwapo mwaka mmoja au zaidi tangu siku ya sumu. Lakini mtu ambaye bado anaendelea kujidhuru kwa dawa ileile kila siku haandikiwi T96. Huyo sumu yake ni ya sasa.

Hata pale ambapo tabibu hatumii namba, anaandika maneno tu katika daftari la MTUHA, kanuni haibadiliki. Kuandika "kifafa" peke yake ni kuandika nusu ya habari.

Sumu ya dawa si sawa na madhara ya dawa

Hapa pana tofauti ambayo kila nyumba inafaa kuijua. Dawa ikinywewa kimakosa, yaani si ya mtu huyo, au kipimo kimezidi, au imechanganywa bila ushauri, hiyo ni sumu ya dawa. Lakini dawa ikitolewa sawasawa, kwa mtu sahihi na kwa kipimo sahihi, kisha bado ikadhuru, hayo ni madhara ya dawa. Yakibaki, chanzo chake huandikwa Y88.0, si T96.

Mfano wake ni matibabu ya kifua kikuu sugu, yaliyoanza kutolewa hospitali ya Kibong'oto, Kilimanjaro, mwaka 2009. Miongoni mwa dawa za wakati ule ilikuwamo sindano ya kanamaisini, ambayo inajulikana kwa kuharibu usikivu. Mgonjwa aliyepona kifua akabaki kiziwi hakukosea kitu. Mwaka 2018 Shirika la Afya Duniani lilishauri kanamaisini isitumike tena kwa ugonjwa huo, kwa kuwa faida yake haikulingana na madhara yake na dawa bora za vidonge zilikuwa zimepatikana.

Unaona faida ya kuandika vizuri? Madhara ya dawa dawa yake ni kubadili tiba. Sumu ya dawa dawa yake ni kufunga kabati na kupima vizuri. Tukiyachanganya, hatutajua tutengeneze wapi.

Kwa nini chanzo hupotea

Mara nyingi chanzo hakipotei hospitali, kinapotea nyumbani. Cheti cha siku ile kimelowa au kimetupwa wakati wa kuhama chumba. Mama anaona haya kumtaja mama mkwe ambaye vidonge vilikuwa vyake. Familia ya kijana aliyezidisha unga inasema alianguka bafuni. Wengine wanaona kifafa, wanasema ni jini, na habari ya vidonge haitajwi tena. Kumsomea mgonjwa na kumwombea dua hakuzuii kumweleza tabibu yaliyotokea.

Hasara yake ni kubwa. Tabibu asiyeambiwa huanza kutafuta chanzo upya kwa vipimo ambavyo wewe ndiye unavilipia. Mtu aliyeumizwa masikio na jentamaisini anaweza kuchomwa jentamaisini tena na kupoteza usikivu kidogo alioubakiza. Takwimu zinaonyesha kifafa bila sumu, hivyo anayepanga huduma haoni kuwa watoto wanaumia kwa dawa za wakubwa. Na baya zaidi, kikopo cha bibi bado kipo mezani na mdogo wake mtoto yule ameanza kutambaa.

Nyumba ifanye nini

1. Siku ya tukio, mpeleke mgonjwa hospitali mara moja hata kama anaonekana mzima, pamoja na pakiti, bahasha au vidonge vilivyobaki. Usimtapishe, na usipoteze muda kwa maziwa au dafu. Kama ni dawa ya kisukari na mtoto yu macho na anameza vizuri, mpe maji ya sukari mkiwa njiani. Aliyezimia asiwekewe kitu mdomoni.

2. Kabla ya kuruhusiwa, omba cheti kiandikwe jina la dawa, kiasi kinachokisiwa, na tarehe.

3. Hifadhi cheti hicho pamoja na cheti cha kuzaliwa. Kwa mtoto, omba iandikwe pia kwenye kadi ya kliniki.

4. Rudi upimwe. Mtoto asiyegeuka akiitwa, au aliyerudi nyuma shuleni, asiitwe mkaidi. Apimwe masikio, macho na ubongo.

5. Kila uendapo kwa tabibu, anza na sentensi moja: "Mwaka fulani alipata sumu ya dawa fulani." Muulize kama ameandika.

6. Ukihisi dawa iliyotumika sawasawa imedhuru, taarifa ipelekwe kwa Mamlaka ya Dawa na Vifaa Tiba, TMDA, iliyochukua nafasi ya TFDA mwaka 2019. Mwananchi naye anaweza kutoa taarifa.

7. Dawa zote zikae juu na zifungiwe. Zisihamishwe kutoka bahasha moja kwenda nyingine. Bahasha ikiandikwa 1x3, ni kidonge kimoja mara tatu kwa siku, si vitatu kwa mpigo. Na kijiko cha chai ni mililita 5, cha chakula ni 15. Ukikosea kijiko, umempa mtoto dozi mara tatu.

Ndugu msomaji, kusitiriana ni jambo jema, na aibu ya nyumba haianikwi barazani. Lakini chumba cha tabibu si baraza. Naye anawajibika kutunza siri ya mgonjwa wake. Bibi hakukusudia, mama hakukusudia, na hakuna anayetafuta wa kulaumiwa. Kinachotafutwa ni mgonjwa atibiwe kwa lile lililompata, na aliye nyuma yake asifikwe na lilelile.