Mafuta Yanapopishana na Daftari

Mkaguzi akifika kwenye kituo cha mafuta huanza na hesabu nyepesi: akiba ya jana, jumlisha mafuta yaliyopokelewa, toa yaliyouzwa. Jibu hulinganishwa na kipimo cha fimbo iliyotumbukizwa tangini. Viwili hivyo visipolingana, nchini India muuzaji anaweza kunyang'anywa mafuta yake kisheria, hata kama hajafikishwa mahakamani.

Msingi wake ni Sheria ya Bidhaa Muhimu ya mwaka 1955, inayoyaweka mafuta katika kundi moja na dawa, mbolea na vyakula. Chini ya sheria hiyo ilitolewa amri ya mwaka 2005 kuhusu petroli na dizeli, na humo tofauti ya akiba imetajwa kuwa kosa sambamba na uchakachuaji. Kifungu cha 6A kinamruhusu mkuu wa utawala wa wilaya kutaifisha shehena iliyokamatwa, na hata lori lililoibeba, iwe kesi ya jinai imefunguliwa au la.

Ukali huo haukuja bure. Mafuta yakizidi daftari, huenda yametiwa mafuta ya taa, au wateja wanapunjwa kwenye pampu. Yakipungua, huenda yameuzwa kwa magendo. Novemba 2005 Manjunath Shanmugam, ofisa kijana wa Indian Oil, aliuawa Uttar Pradesh baada ya kukifungia kituo kilichouza mafuta yaliyochakachuliwa. Anayetaka mkaguzi alegeze kamba akumbuke kifo hicho.

Hata hivyo, tofauti ni dalili, na dalili moja huweza kuwa na sababu nyingi. Petroli hutanuka kwa joto: kila nyuzi 1 ya Selsiasi huongeza takriban lita 1 katika kila lita 1,000. Lori likishusha lita 20,000 zikiwa na nyuzi 35, kisha zikapoa hadi nyuzi 27 ardhini, lita zipatazo 160 "hupotea" bila mtu kuiba hata tone. Ndiyo maana wataalamu hubadili ujazo wote uwe kana kwamba umepimwa kwa nyuzi 15 kabla ya kulinganisha. Kuna pia mvuke unaotoroka, maji yaliyotuama chini, na tangi lililoinama kidogo tangu lilipofukiwa. Fimbo nayo ina makosa yake. Katika tangi la kulala la lita 20,000 lenye kipenyo cha mita 2, kusoma vibaya sentimita 1 tu pale katikati ni kukosea zaidi ya lita 120.

Kwa hiyo mimi huitazama sheria hii zaidi kwa utaratibu wake kuliko kwa adhabu yake. Kifungu cha 6B hakiruhusu kutaifisha kabla mwenye mali hajapewa kwa maandishi sababu za hatua hiyo na nafasi ya kujitetea. Mwenye lori hunusurika akithibitisha kwamba hakujua kilichotendeka, wala wakala wake na dereva hawakujua, na kwamba wote walichukua tahadhari. Rufaa hukatwa ndani ya mwezi mmoja. Amri ya kutaifisha ikibatilishwa, mali hurudishwa; isipowezekana, mwenyewe hulipwa thamani yake pamoja na riba inayohesabiwa tangu siku ya kukamatwa.

Kipengele hicho cha riba ni muhimu sana, kwa kuwa bidhaa haingoji maofisa. Mwaka 1975 mbolea na nafaka za kampuni ya N. Nagendra Rao zilikamatwa Andhra Pradesh. Mwishowe sehemu tu ndiyo iliyotaifishwa, lakini kampuni ilipokwenda kuchukua mbolea iliyosalia iliikuta imeharibika. Mwaka 1994 Mahakama ya Juu ya India iliamua kwamba serikali inawajibika kwa uzembe wa maofisa wake, na haiwezi kujificha nyuma ya mamlaka ya dola.

Petroli nayo hupungua na kupoteza ubora ikikaa. Kifungu cha 6E kinazizuia mahakama kuachilia mali wakati uamuzi wa mkuu wa wilaya ungali unasubiriwa, hivyo kila wiki ya ucheleweshaji ni hasara kwa mwenye mafuta. Kwa maoni yangu, ripoti ya ukamataji isiyo na joto la mafuta, kina cha maji tangini na sampuli iliyofungwa kwa lakiri mbele ya muuzaji haitoshi kumnyang'anya mtu hata lita moja.