Kamati ya Madrasa Ikigawanyika, Nani Aamue?

Katika mitaa ya Eastlands jijini Nairobi, toka Pumwani na Majengo hadi Eastleigh na Kaloleni, misikiti na makanisa yamekuwa na shule zake tangu enzi ya ukoloni. Kamati zinazoziendesha hugombana, kama zigombanavyo kamati zozote: kundi moja ladai lilichaguliwa, jingine ladai uchaguzi ulikuwa batili, na kila upande una mhuri wake. Aghalabu lango huwa limekwisha kutiwa kufuli mbili ndipo watu waulizane ni nani mwenye mamlaka ya kukata shauri.

Waislamu wengi humtaja Kadhi. Sivyo. Kifungu cha 170 cha Katiba ya 2010 kimemwachia masuala ya hadhi ya mtu binafsi, ndoa, talaka na urithi, tena baina ya Waislamu waliokubali kuhukumiwa naye. Uenyekiti wa madrasa haumo. Aweza kuombwa awapatanishe, na ni jambo jema, lakini hapo atakuwa akinena kama mzee, si kama mahakama.

Ikiwa shule iko chini ya chama kilichosajiliwa, Sheria ya Vyama yampa msajili nafasi. Asiporidhika ni akina nani viongozi halali, aweza kukiagiza chama kimletee, katika muda wa mwezi mmoja, ushahidi kwamba ugomvi umekwisha au kwamba kesi imefunguliwa. Msajili hamchagui mshindi. Kesi huenda kwa mahakama za kawaida, na huko jaji haulizi nani ajuaye tafsiri zaidi. Huisoma katiba ya chama. Je, ilani ya mkutano ilitolewa? Akidi ilitimia? Ndivyo ipasavyo, maana jaji akianza kupima elimu ya dini ya mtu, hakuna muumini atakayesalimika.

Shule za umma zina njia nyingine. Sheria ya Elimu ya Msingi ya 2013 yampa mfadhili wa kidini wajumbe watatu katika halmashauri ya shule, pamoja na ushauri wa kiroho. Kuajiri na kuhamisha walimu ni kazi ya Tume ya Kuajiri Walimu (TSC). Hata hivyo, walimu wakuu wamewahi kufungiwa lango kwa sababu ya dhehebu lao.

Mahakama nazo hazina haraka. Kanisa la Methodist, mfadhili wa shule ya St Paul's Kiwanjani huko Isiolo, lilishtaki mwaka 2014 kuhusu hijabu. Mahakama ya Juu ilitoa kauli ya mwisho Januari 2019. Aliyekuwa kidato cha kwanza kesi ilipoanza alikuwa amekwisha kumaliza shule.

Vipi basi ustadh ambaye hajalipwa kwa kuwa kamati mbili zagombania akaunti ya benki? Huyo hana haja ya kungoja mwenyekiti apatikane. Shauri la mshahara ni la Mahakama ya Ajira, au la hakimu aliyeteuliwa kuyasikiliza mashauri hayo, na aweza kulifungua leo.