Safari ya Rumonge: Tujipange Kabla ya Kuondoka

Ndugu wanachama, wengi wenu mnauliza habari za safari ya likizo kwenda Rumonge kwa kufuata mwambao wa Ziwa Tanganyika. Kutoka Bujumbura ni kama kilomita 75: ziwa kuliani, milima kushoto. Huko Mugere pana jiwe lenye majina ya Livingstone na Stanley, waliofika mwaka 1871. Hilo tulitazame upesi. Pa kukaa ni Rumonge, penye michikichi, ndagala zinazoanikwa, na wenzetu wanaokamua mawese.

Lakini njia hii si ya kuchezea. Mwaka 2015 maporomoko ya milima yaliifunga upande wa Gitaza. Mwaka 2024 ziwa lilifurika hadi ndani ya nyumba za watu. Basi twende kiangazi, Juni hadi Agosti, na tuondoke alfajiri. Petroli nayo imekuwa adimu miaka hii. Tusilipie gari kabla ya kuhakikisha tangi limejaa.

Na dereva je? Naye ni mfanyakazi. Asilazimishwe kurudi usiku huo huo ili sisi tuwahi zamu ya Jumatatu. Chakula chake na mahali pake pa kulala viingizwe katika mchango wetu tangu mwanzo.