Kuieleza Softiboli kwa Kiswahili: Istilahi za Mashindano ya Wanawake ya Tokyo na Funzo la Ukanda wa Dhahabu wa Shinyanga na Geita

Ikisiri

Makala haya yanaeleza mashindano ya softiboli ya wanawake yaliyofanyika katika Michezo ya Olimpiki ya Tokyo, na yanachunguza namna ambavyo dhana zake kuu zinaweza kutajwa kwa Kiswahili. Hoja kuu ni kwamba sehemu kubwa ya dhana hizo tayari ina makao katika michezo ya watoto wa kike wa Tanzania, hususan rede na kombolela. Aidha, makala yanaonesha kwamba wachimbaji wadogo wa dhahabu wa Shinyanga na Geita wamekwishatoa kielelezo kizuri cha uundaji wa istilahi: jambo linaloonekana na kutendwa hupewa neno la ndani, na kitu kilichokuja na jina lake hutoholewa. Kanuni hiyo inatumika kupendekeza istilahi chache za softiboli, kisha istilahi hizo zinajaribiwa kwa kusimulia tukio moja la fainali ya Tokyo.

1.0 Utangulizi

Elimu ya msingi katika shule za serikali nchini Tanzania hutolewa kwa Kiswahili. Kwa hiyo, mchezo usioelezeka kwa Kiswahili ni mchezo ambao mwalimu wa shule ya msingi wa Kahama, Kishapu au Bukombe hawezi kuufundisha vizuri, hata akiletewa vifaa vyote. Wataalamu wa istilahi huzungumzia zaidi sayansi, sheria na teknolojia. Michezo hupewa nafasi ndogo, pengine kwa kudhaniwa kwamba istilahi zake hujizalisha zenyewe viwanjani. Dhana hiyo ni kweli kwa soka, ambalo limekaa na Waswahili kwa zaidi ya karne moja na kupata kipa, kona, penati na kuotea. Si kweli kwa mchezo unaoanza sasa.

Mwandishi wa makala haya alikulia Kahama, akacheza rede kwa mpira wa mifuko ya plastiki uliofungwa kwa kamba ya katani. Alipotazama softiboli ya Tokyo mwaka 2021 alielewa mwendo wa mchezo kabla ya kuyaelewa maneno ya mtangazaji. Swali la makala haya limetokana na hali hiyo: ikiwa mwili unautambua mchezo, ni kitu gani kinachoizuia lugha kuutaja?

2.0 Mashindano ya Tokyo kwa ufupi

Softiboli ya wanawake iliingia katika Michezo ya Olimpiki mwaka 1996 huko Atlanta, ikachezwa tena Sydney 2000, Athens 2004 na Beijing 2008. Kura ya Kamati ya Kimataifa ya Olimpiki ya mwaka 2005 iliiondoa kuanzia mwaka 2012. Ilirudishwa kwa ajili ya Tokyo, ikaachwa Paris 2024, na imepangwa kurudi Los Angeles 2028.

Mashindano ya Tokyo yalichezwa kuanzia tarehe 21 hadi 27 Julai 2021 katika viwanja vya Fukushima na Yokohama. Timu zilikuwa 6: Japani, Marekani, Kanada, Meksiko, Italia na Australia. Kila timu ilicheza na nyingine zote, kisha mbili za juu zikakutana katika fainali. Katika mechi ya ufunguzi Japani iliifunga Australia 8 kwa 1, na mechi ikakatishwa baada ya zamu ya tano kwa kuwa tofauti ilikuwa imefikia kiwango ambacho kanuni hazioni haja ya kuendelea. Katika fainali Japani iliishinda Marekani 2 kwa 0, na Kanada ikapata shaba kwa kuifunga Meksiko 3 kwa 2.

Jambo la kuzingatiwa ni kwamba katika mashindano yote 5 ya Olimpiki hakuna timu ya Afrika iliyowahi kushiriki. Kwa ajili ya Tokyo, Afrika na Ulaya ziligawiwa nafasi moja tu. Iligombewa Utrecht, Uholanzi, mwezi Julai 2019. Afrika Kusini na Botswana zilikwenda, Italia ikaichukua. Tanzania yenyewe ilipeleka Tokyo wakimbiaji 3 wa marathoni, mwanamke akiwa mmoja. Takwimu hizi hazitokani na lugha peke yake. Hata hivyo, timu ya taifa huanzia kwenye uwanja wa shule, na uwanja wa shule huendeshwa kwa lugha.

3.0 Funzo la ukanda wa dhahabu

Shinyanga na Geita hutajwa kwa migodi yake mikubwa: almasi ya Mwadui, dhahabu ya Bulyanhulu, Buzwagi iliyofungwa, na mgodi wa Geita ulioanza uzalishaji mwaka 2000. Kwa mwanaisimu, hata hivyo, utajiri wa ukanda huu uko pia katika midomo ya wachimbaji wadogo. Bila kamati yoyote ya istilahi, wamejenga msamiati kamili wa kazi yao.

Shimo la kuchimbia huitwa duara. Neno la umbo limepanuliwa maana likawa neno la mahali pa kazi, na sasa hata nyaraka za serikali huzungumzia wamiliki wa maduara. Mahali pa kusagia na kuoshea mawe huitwa mwalo, neno ambalo kandokando ya Ziwa Victoria hutaja mahali mitumbwi inapofika na samaki kushushwa. Mchanga uliokwisha kupitishwa mara ya kwanza, ambao bado una dhahabu ya kutafutwa tena, huitwa marudio; neno lenyewe linaeleza kinachofanyika. Lakini mashine ya kupondea mawe haikutafutiwa neno la ndani. Ilikuja na jina lake, nalo likatoholewa kuwa karasha.

Katika mifano hii kuna kanuni ambayo wachimbaji hawakuiandika, lakini wameifuata kwa uthabiti. Tendo, mahali na hali inayoonekana kwa macho hupewa neno la ndani lililopanuliwa maana. Kifaa au dhana iliyokuja na jina lake, ambayo tafsiri ingeipotosha, hutoholewa. Kanuni hiyo inaafikiana na vigezo vinavyotumiwa na wanaistilahi, yaani uangavu, iktisadi, uzalishi na kukubalika kwa watumiaji.

4.0 Rede na kombolela

Katika rede, wasichana wawili husimama mkabala, wakirushiana mpira kwa kusudi la kumpiga aliye katikati. Wa katikati hukwepa. Akipigwa, ametoka. Kanuni hutofautiana mtaa kwa mtaa: katika namna mojawapo anayekwepa hujaza chupa mchanga huku mipira ikimpita, katika nyingine, anayebaki peke yake akikwepa idadi iliyokubaliwa huwaokoa wenzake waliotoka. Maneno ya msingi ni kurusha, kulenga, kukwepa, kudaka, kukoswa, kutoka na kuokoa.

Katika kombolela, mtafutaji hulinda mahali maalumu. Aliyejificha akiwahi kufika na kupagusa kabla ya mtafutaji, amejikomboa, na pengine amewakomboa wenzake. Akichelewa, amenaswa. Kiini cha mchezo ni mashindano ya kuwahi mahali.

Softiboli inaunganisha mambo haya mawili. Timu moja hurusha na kudaka. Nyingine hupiga na kukimbia. Wachezaji wa timu inayolinda uwanja ni 9. Mrushaji hurusha mpira kwa mkono unaopita chini, kutoka umbali wa takribani mita 13, na mpigaji akiupiga hukimbilia vituo vilivyo mraba, kila kimoja mita 18 hivi kutoka kingine. Swali la kila tukio ni lilelile la kombolela: nani atawahi, mkimbiaji au mpira?

Tofauti nazo zisifichwe. Katika rede mrushaji hulenga mwili. Katika softiboli hulenga eneo lililo mbele ya mpigaji, na mpira ukimgusa mpigaji humpa faida mpigaji. Katika rede hakuna kifaa cha kupigia. Kwa hiyo, michezo hii miwili haitoi istilahi zote. Inatoa msingi wa kuanzia.

5.0 Istilahi zinazopendekezwa

Kwa wahusika, makala yanapendekeza mrushaji, mpigaji, mdakaji na mkimbiaji. Maneno haya yanazalishwa kwa utaratibu mmoja kutokana na vitenzi vinavyofahamika, hivyo yanakidhi kigezo cha mfumo.

Kwa mahali, kituo kinafaa, kwa kuwa mkimbiaji hutua hapo na kuondoka. Kituo cha mwisho, ambacho ndicho alikoanzia, kiitwe nyumbani.

Kwa kipindi cha mchezo, ambapo timu moja hupiga hadi wachezaji wake 3 watolewe, zamu ni neno lisilohitaji ufafanuzi. Mechi ina zamu 7. Mchezaji aliyeondolewa ametoka, kama ilivyo katika rede.

Alama inayopatikana mkimbiaji anapopita vituo vyote na kufika nyumbani ingeweza kuitwa pointi au goli. Goli linapotosha, kwa kuwa hakuna lango. Pointi linaeleweka lakini halielezi lolote. Mzunguko unapendekezwa kwa uangavu wake: Japani ilipata mizunguko 2, Marekani haikupata.

Kifaa cha kupigia kiitwe gongo, neno lililokwisha kutumika katika mpira wa magongo. Pingamizi linatarajiwa, kwa kuwa gongo ni pombe haramu inayojulikana vizuri katika vijiji vyetu, na mwalimu atakayewaambia wanafunzi kila mmoja ashike gongo lake ataanza kipindi kwa kicheko. Muktadha utatenganisha maana hizo, kama unavyotenganisha duara la hisabati na duara la Geita.

Dhana moja inakataa neno la ndani. Mrusho uliopita katika eneo halali bila kupigwa, na pia mrusho ambao mpigaji ameutupia gongo akaukosa, huhesabiwa kwa jina moja. Vikifika 3, mpigaji ametoka. Kosa lingefaa hali ya pili tu. Mrusho halali lingefaa ya kwanza tu. Hapa inafaa kufuata njia ya karasha na kutohoa: straiki. Kinyume chake, mrusho usiopita katika eneo hilo na usiotupiwa gongo, uitwe mrusho batili; vikifika 4, mpigaji hupewa kituo cha kwanza bila kupiga.

6.0 Jaribio: zamu ya sita ya fainali

Istilahi hupimwa kwa kutumika. Tarehe 27 Julai 2021, katika uwanja wa Yokohama, Japani ilikuwa mbele kwa mizunguko 2 kwa 0. Yukiko Ueno, mrushaji aliyekuwa ametimiza miaka 39 siku chache kabla, na ambaye alikuwa ameipa Japani dhahabu ya Beijing miaka 13 nyuma, alikuwa amempisha Miu Goto. Ilikuwa zamu ya sita. Marekani ilikuwa na wakimbiaji vituoni na mchezaji mmoja alikuwa ameshatoka. Pigo moja zuri lingeweza kusawazisha.

Amanda Chidester aliupiga mpira kwa nguvu, ukanyooka kuelekea kituo cha tatu. Mlinzi wa kituo hicho, Yu Yamamoto, hakuudaka. Ulimgonga mkononi ukaruka pembeni. Kabla haujagusa ardhi, Mana Atsumi aliudaka. Kwa kuwa mpira ulidakwa hewani, mpigaji alikuwa ametoka. Kwa kuwa wakimbiaji walikuwa wameshaviacha vituo vyao, iliwalazimu kurejea kabla ya mpira kufika. Atsumi akaurusha kituo cha pili. Mpira uliwahi, mkimbiaji akachelewa. Wawili walikuwa wametoka kwa pigo moja, na zamu ikaisha. Ueno alirudi, kama kanuni za softiboli zinavyomruhusu mchezaji aliyeanza, akaimaliza mechi.

Simulizi hili halikuhitaji hata straiki. Sehemu ngumu kuliko zote, yaani sababu ya mkimbiaji kulazimika kurejea, inabebwa na vitenzi kudaka, kurejea na kuwahi. Mtoto aliyewahi kucheza kombolela hatauliza kwa nini Marekani ilipoteza zamu hiyo.

7.0 Kinachopotea bila maneno

Sheria ya Madini, kwa marekebisho ya mwaka 2017, inamtaka mwenye leseni kuandaa mpango wa uwajibikaji kwa jamii kwa kukubaliana na halmashauri husika. Mpango huo hujadiliwa kwa Kiswahili, na kinachojadiliwa ni kile kinachotajika. Soka linatajika. Mwadui na Geita Gold zilifika Ligi Kuu, na Geita Gold ikacheza Kombe la Shirikisho Afrika msimu wa 2022/23. Uwanja wake wa nyumbani ni Nyankumbu, jina linalobebwa pia na shule ya sekondari ya wasichana mjini humo. Hakuna ubaya katika mafanikio hayo; lakini ni vigumu kwa diwani kuombea uwanja mchezo ambao hana namna ya kuueleza mbele ya wenzake.

Nchini, softiboli ina chama cha pamoja na besiboli, na ina uwanja katika Shule ya Sekondari Azania, Dar es Salaam, uliojengwa kwa msaada wa Japani. Kutoka huko hadi Geita ni mbali. Njia fupi huenda ikawa besiboli ya watano, inayochezwa na wavulana kwa wasichana pamoja, kwa mpira wa raba unaopigwa kwa kiganja, bila gongo wala glavu. Mchezo huo umejumuishwa katika Michezo ya Olimpiki ya Vijana ya Dakar 2026. Vituo, zamu, mizunguko na kutoka ni vilevile. Hivyo istilahi zilizopendekezwa hapa zinauhudumia pia, jambo linalothibitisha uzalishi wake.

8.0 Hitimisho

Makala yameonesha kwamba softiboli ya wanawake, ambayo Afrika haijawahi kuifikia katika Olimpiki, si ngeni kwa Kiswahili kama inavyodhaniwa. Wachimbaji wa Geita na Shinyanga wamefundisha lini neno lipanuliwe na lini litoholewe. Wasichana wa rede wametoa vitenzi. Kinachobaki ni istilahi hizi kupitiwa na Baraza la Kiswahili la Taifa pamoja na walimu wa michezo, kisha kujaribiwa mahali panapostahili, yaani katika kipindi cha michezo cha shule ya msingi. Wanafunzi wakizikataa, itabidi zitungwe upya. Wakizicheza, hazitahitaji utetezi mwingine.