Jibini ya moto ya kitunguu saumu: Usalama wake unaanzia kwenye maziwa



Ndugu msomaji, wiki hii tutaangalia chakula ambacho baadhi ya akina mama wameniuliza namna ya kukitengeneza kwa ajili ya futari na wageni. Ni jibini laini iliyopashwa moto pamoja na kitunguu saumu na mafuta ya zeituni, ambayo huliwa kwa kuchovya mkate. Ni chakula cha mtindo wa Ugiriki. Wenyewe hutumia jibini yao iitwayo feta, ambayo kwa sheria ya Umoja wa Ulaya ya mwaka 2002 ni lazima itoke Ugiriki, itokane na maziwa ya kondoo, au ya kondoo yakichanganywa na ya mbuzi yasiyozidi asilimia 30, na ikomae kwa muda usiopungua miezi 2.

Hii tutakayoitengeneza nyumbani si feta halisi, bali ni jibini ya maziwa na ndimu. Chakula ni kitamu na ni rahisi. Lakini kabla ya kuwasha jiko nina jambo la kuwaeleza.

Swali nililochelewa kuuliza

Miaka kadhaa iliyopita alinijia kijana mmoja mfanyabiashara ya mbuzi. Alikuwa na homa inayopanda jioni na kushuka asubuhi, jasho la usiku linalolowesha shuka, na maumivu ya kiuno. Kipimo cha malaria hakikuonyesha kitu, nami nikamwandikia dawa za malaria hata hivyo. Aliporudi nikamwandikia dawa za taifodi. Mara ya tatu alikuja na mkewe, ambaye wiki ile ile mimba yake ya miezi minne ilikuwa imetoka.

Ndipo nilipouliza swali nililopaswa kuliuliza siku ya kwanza: maziwa ya nyumbani mnayachemsha? Yule mama akajibu kuwa ya kunywa huyachemsha, lakini ya jibini hapana. Huyaacha mabichi mpaka yagande, kisha huyachuja kwa kitambaa, kwa sababu yakichemshwa ladha yake hupungua. Tukawapima wote wawili na wote wakakutwa na ugonjwa wa brusela. Walitumia dawa kwa wiki 6 na wakapona, alhamdulillah. Ama ile mimba, ilikuwa imekwishakwenda.

Kosa la kuchelewa kuuliza lilikuwa langu. Tangu siku hiyo, kila anayekuja na homa isiyoeleweka humuuliza juu ya maziwa.

Ugonjwa wenyewe

Brusela ni bakteria wanaokaa kwa ng'ombe, mbuzi, kondoo na ngamia. Mnyama aliyeambukizwa anaweza kutupa mimba, na anaweza pia kuonekana mzima kabisa huku maziwa yake yamebeba vijidudu. Mwaka 1887 daktari wa jeshi la Uingereza, David Bruce, alimgundua kijidudu huyu katika kisiwa cha Malta, ambako homa hii iliwasumbua sana askari. Mwaka 1905 daktari wa hapo hapo Malta, Themistocles Zammit, akagundua kuwa ilitoka kwa mbuzi, tena mbuzi walioonekana wazima. Kwa hiyo usidanganyike na afya ya mnyama wala usafi wa ndoo.

Dalili huweza kuanza wiki chache au hata miezi baada ya mtu kula au kunywa. Ni homa ya kuja na kuondoka, jasho, uchovu, na maumivu ya viungo na mgongo. Kwa kuwa dalili hizi zinafanana na za malaria na taifodi, wagonjwa wengi hupewa dawa zisizo zao. Mama mjamzito anaweza kupoteza mimba. Maziwa mabichi yanaweza pia kubeba kifua kikuu cha ng'ombe, na bakteria aitwaye listeria ambaye ni hatari mno kwa wajawazito na watoto wachanga.

Wapo wanaosema kuwa maziwa yakishaganda na kuwa makali vijidudu hufa. Hiyo si kinga ya kutegemewa. Wala usitegemee kwamba utaipasha jibini moto baadaye, kwa sababu chakula hiki hupashwa kwa dakika chache tu na katikati huweza kubaki vuguvugu. Moto wa kuua vijidudu ni ule wa mwanzo, maziwa yakiwa bado maziwa. Viwandani huyapasha hadi nyuzi 72 za Selsiasi kwa sekunde 15, au nyuzi 63 kwa dakika 30. Sisi nyumbani tusio na kipimajoto tuyachemshe mpaka yafure, basi.

Mahitaji (watu 6)

Maziwa lita 2. Maji ya ndimu vijiko vikubwa 6. Chumvi kijiko kidogo 1. Kitunguu saumu punje 6. Mafuta ya zeituni vijiko vikubwa 4. Mtindi mzito wa maziwa yaliyochemshwa vijiko vikubwa 4. Kornifulawa nusu kijiko kidogo. Pilipili manga kidogo. Na majani makavu ya oregano. Ukiikosa oregano tumia zaatari.

Namna ya kutengeneza

1. Osha mikono kwa sabuni. Chemsha kitambaa cheupe cha kuchujia kwa dakika 5. Kile cha kufutia vyombo hakifai.

2. Chemsha maziwa huku ukikoroga ili yasishike chini. Yakifura, epua na usubiri dakika moja.

3. Tia maji ya ndimu kidogo kidogo ukikoroga taratibu. Utaona mabonge meupe yanajitenga na maji ya rangi ya kijani hafifu. Yasipojitenga, ongeza kijiko kimoja cha ndimu.

4. Acha dakika 10, chuja, kisha ning'iniza kitambaa kwa saa moja. Utapata jibini ya gramu 300 hadi 400. Changanya na chumvi. Yale maji usiyamwage, yanafaa kwa kukandia unga wa chapati.

5. Menya punje za kitunguu saumu na uziache nzima. Ziweke kwenye mafuta ya zeituni kwa moto mdogo dakika 10 hivi, mpaka zilainike bila kuungua. Ziponde kwa uma humo humo.

6. Koroga kornifulawa ndani ya mtindi, ili mtindi usikatike ukipata moto. Tia jibini na mtindi kwenye sufuria yenye kitunguu, koroga kwa moto mdogo dakika 4 hadi 5 mpaka mvuke utoke. Jibini hii haiyeyuki na kuvutika kama ile ya piza, bali hulainika tu. Nyunyizia pilipili manga na oregano, uile ingali moto.

Chovya kwa mkate, chapati, matango au karoti. Ukitumia feta ya dukani badala ya hii, soma kwanza kama maziwa yake yamepasteurishwa, na usiongeze chumvi. Gramu 100 za feta zina karibu nusu ya chumvi ambayo Shirika la Afya Duniani linataka mtu mzima asiivuke kwa siku nzima, yaani gramu 5. Mwenye shinikizo la damu ailoweke kwanza kwenye maji, na ale kidogo. Aidha, asiache dawa zake kwa kutegemea kitunguu saumu.

Kitunguu saumu na msikiti

Jina "saumu" hapa halihusiani na kufunga. Limetokana na neno la Kiarabu "thuum", ndiyo maana watu wa Pwani husema kitunguu thomu. Imepokewa katika Bukhari na Muslim kuwa Mtume (SAW) alimtaka aliyekula kitunguu saumu au kitunguu maji ajitenge na msikiti, na katika riwaya ya Muslim ni kwa kuwa Malaika huudhika kwa yale yanayowaudhi wanadamu. Abu Ayyub al-Ansari (RA) alipouliza kama ni haramu, Mtume (SAW) akamjibu kuwa si haramu, ila yeye hakuipenda harufu yake. Naye Umar (RA), katika khutba yake iliyomo ndani ya Sahih Muslim, alielekeza kuwa anayetaka kuvila avipike mpaka harufu yake ife.

Ndugu msomaji, maelekezo hayo yanaafikiana na tunayoyajua leo. Punje nzima haina harufu kali. Inapokatwa au kupondwa, kimeng'enya kilichomo ndani yake hukutana na kemikali nyingine na kuzaa ile harufu. Ukiipika ikiwa nzima, moto hukiharibu kimeng'enya hicho kabla hakijafanya kazi. Ndiyo maana hatua ya 5 inasema upike kwanza, uponde baadaye. Aliyekula kibichi asidhani mswaki peke yake utamtosha, kwa sababu sehemu ya harufu huingia kwenye damu na kutokea mapafuni. Utafiti uliochapishwa Marekani mwaka 2010 ulionyesha kuwa maziwa yakinywewa pamoja na chakula chenye kitunguu saumu huipunguza harufu hiyo.

Je, jibini ni halali?

Asili ya jibini ni halali. Imepokewa na Abu Dawud kuwa Mtume (SAW) aliletewa jibini alipokuwa Tabuk, akaomba kisu, akataja jina la Allah na akaikata. Suala linalohitaji kuangaliwa ni kigandishi kiitwacho renneti, ambacho asili yake ni tumbo la ndama au mwanambuzi. Kinachotokana na nguruwe ni haramu bila shaka. Cha mnyama aliyechinjwa kisheria hakina tatizo, wala cha mimea au cha vijidudu vya kiwandani. Cha mnyama wa halali asiyechinjwa kisheria wanazuoni wamekhitalifiana. Wengi wamekizuia, na Imam Abu Hanifa amekiruhusu. Mwenye shaka amuulize sheikh wake. Hii yetu imegandishwa kwa ndimu, hivyo shaka hiyo haipo.

Moto una mpaka wake

Tumeona kuwa moto unasafisha maziwa na kuua harufu ya kitunguu. Lakini lipo jambo moja ambalo kuchemsha hakuwezi. Kitunguu saumu hutoka ardhini, na kinaweza kuwa na mbegu za bakteria wa botulizimu ambazo kuchemsha kwa kawaida hakuziui. Zikifunikwa na mafuta, mahali pasipo hewa, kwenye joto la jikoni, huota na kutoa sumu inayopoozesha misuli hata ya kupumulia. Mwaka 1985 huko Vancouver, Kanada, watu zaidi ya 30 waliugua kwa kula mkahawani kitunguu saumu kilichohifadhiwa ndani ya mafuta. Sumu hiyo huenda isibadilishe harufu wala ladha ya chakula.

Kwa hiyo pika kitunguu na mafuta ya siku hiyo tu, usiweke chupa ya akiba kabatini. Chakula chenyewe kisikae nje zaidi ya saa 2. Katika Ramadhani, tengeneza jibini mchana uiweke kwenye friji, kisha ipashe na kitunguu karibu na Maghrib. Kilichobaki kiwekwe kwenye friji mara moja, kiliwe kesho yake baada ya kupashwa mpaka kitoe mvuke kote. Asiye na friji apike cha kutosha mlo mmoja, na hapo atakuwa ameepuka na israfu pia.

Na mwenye homa ya kuja na kuondoka aliyewahi kutumia maziwa mabichi, amwambie tabibu wake bila kusubiri kuulizwa. Tabibu naye ni binadamu, husahau.

Wallahu a'alam. Wabillahi tawfiq.