Je, Wajua Pini ya Hedifoni Ina Mipaka Mitatu?

Chukua hedifoni yako, isogeze pini karibu na taa, kisha uhesabu. Utaona vipande vya chuma, na kati yake vistari vya plastiki, aghalabu vyeusi. Ukikuta vistari viwili, hiyo ni ya kusikiliza tu. Hata upige kelele hadi mji mzima wa mpakani wa Malaba uamke, mwenzako kwenye gemu hatasikia neno. Ukikuta vitatu, ina maiki. Kila kistari ni mpaka: umeme wa upande huu hauruhusiwi kuvuka kwenda upande ule.

Hesabu hiyo nilifundishwa na fundi wa simu mjini Busia, upande wetu wa Kenya, siku niliyomsindikiza mpwa wangu na hedifoni zake mbili. Kijana hucheza gemu la PUBG Mobile usiku katika kikosi cha watu wanne, na wawili kati yao wanakaa Busia ya Uganda, ng'ambo tu ya mpaka. Juma zima walikuwa wakimlalamikia. Mara hawamsikii kabisa, mara sauti yake inakatika katikati ya neno, na kabla hajamaliza kusema adui yuko ghorofani, adui keshashuka. Alinunua hedifoni ya pili. Nayo ikawa na vituko vyake.

"Mjomba, hizi za siku hizi zote ni feki," alinung'unika njiani.

Fundi hakuuliza bei wala jina la kampuni. Aliichomeka hedifoni mpya kwenye simu yake mwenyewe, akafungulia wimbo, akampa kijana asikilize. Ngoma na gitaa zilisikika, lakini mwimbaji hakuwepo. Ilikuwa kana kwamba amefungiwa ndani ya mtungi. "Sasa bonyeza kitufe cha hapo kwenye waya, usikiachilie." Mwimbaji akarudi papo hapo, sauti safi. Kijana akaachilia kitufe, mwimbaji akapotea tena. Nilijaribu mwenyewe mara tatu, maana sikuamini.

Siri iko katika vile vipande vinne. Ncha hubeba sauti ya sikio la kushoto, na kipande kinachofuata hubeba ya sikio la kulia. Viwili vilivyobaki ni cha maiki na cha ardhi, yaani njia ambayo umeme wote hurudia. Watengenezaji walikosana juu ya viwili hivyo. Utaratibu mmoja, uitwao OMTP, uliweka maiki kwenye kipande cha tatu na ardhi kwenye cha nne. Mwingine, CTIA, ukavigeuza. Simu nyingi za zamani za Nokia zilifuata ule wa kwanza. iPhone ilifuata wa pili, na Android nyingi zikaenda huko huko.

Ukichomeka hedifoni ya utaratibu mmoja kwenye simu ya utaratibu mwingine, umeme wa masikio hukosa njia ya kurudi, ukabaki kuzunguka kutoka sikio hadi sikio. Unachosikia basi ni tofauti tu kati ya kushoto na kulia. Mwimbaji hurekodiwa sawasawa pande zote mbili, kwa hiyo tofauti yake ni sifuri, naye anatoweka. Kitufe, ambacho kazi yake ya kawaida ni kupokea simu, kikibonyezwa huunganisha maiki na ardhi. Njia ya kurudi ikipatikana, mwimbaji anafufuka. Ukiona dalili hiyo, usitupe kitu. Adapta fupi inayobadilisha nafasi hizo mbili inatosha, na ndiyo aliyotuuzia.

Watu wa hapa mpakani hawahitaji kuelezwa sana ugomvi wa aina hiyo. Zamani gari la mizigo lilisimama kwenye ofisi za Kenya, likasimama tena kwenye za Uganda. Kituo cha pamoja cha Busia, kilichofunguliwa rasmi tarehe 24 Februari 2018, kiliwaweka maafisa wa nchi mbili chini ya paa moja. Baadhi ya simu za sasa nazo zina kituo chao cha pamoja: hupima pini inayoingia, zikajibadilisha zenyewe.

Hedifoni ya kwanza ilikuwa na ugonjwa tofauti, na kuuelewa inabidi tuitazame maiki yenyewe. Ni kidude kidogo kuliko punje ya mahindi. Ndani yake mna utando mwembamba na bamba la chuma vilivyokaribiana sana, na kati yao chaji ya umeme iliyotiwa kiwandani, ikakaa humo miaka na miaka. Sauti hutikisa utando, nafasi hubadilika, na umeme hubadilika nayo. Hiyo ni kazi ya James West, Mmarekani mweusi aliyezaliwa Virginia, na Mjerumani Gerhard Sessler, walioibuni mwaka 1962 wakiwa Bell Labs huko New Jersey. Kabla yao, maiki za aina hiyo zilidai umeme mkubwa kutoka nje. Studio ingeweza kuumudu, mfuko wa suruali haungeweza.

Lakini hata maiki ya West na Sessler haiishi kwa hewa. Nyuma ya utando pana kikuza sauti kidogo kinachohitaji volti chache, na simu ndiyo inayozituma, kwa waya ule ule unaoleta sauti yako. Pini isipofika chini kabisa, maiki haipati chakula. Masikio yanaweza kuendelea kusikia kama kawaida, nawe ukaapa kwamba hedifoni ni nzima.

Fundi alichukua kijiti cha meno, akakizungusha ndani ya tundu la simu ya mpwa wangu, akatoa bonge la nyuzi za mfukoni lililoshindiliwa na vumbi. Pini ikaingia kwa mlio ambao haukuwahi kusikika siku nyingi. Kisha akapinda waya pale shingoni, unapoingia kwenye pini, na sauti ikakwaruza. Hapo ndipo nyingi hufia, kwa sababu ndipo zinapopindwa kila siku. Akakata shingo. Ndani mlikuwa na nyuzi nyembamba kama nywele, nyekundu, kijani na rangi ya shaba, zimesukwa pamoja na uzi wa nailoni. Rangi hiyo ni vanishi ya kuzuia nyuzi zisigusane, na risasi ya kulehemu haishiki juu yake. Akazipitisha upesi kwenye moto wa kiberiti cha gesi, akafuta masizi, akalehemu pini mpya. Akadai shilingi 200.

Akatupatia na kipimo cha kujifanyia nyumbani. Rekodi sauti yako kwa kinasa cha simu, hedifoni ikiwa imechomekwa. Rekodi ikitoka safi, hedifoni haina kosa, mhukumu mwingine. Aghalabu ni gemu halikupewa ruhusa ya kutumia maiki, au limewekwa kusikiliza kikosi bila kusema. Simu ikiita katikati ya mchezo, gemu hunyang'anywa maiki, na mara nyingine hairudishwi hadi ulifunge na kulifungua upya.

Wenye hedifoni za Bluetooth wana lao. Muziki mtamu, lakini maiki ikifunguliwa tu, kila kitu kinakuwa kama redio ya mbao. Si ubovu. Kwa hedifoni nyingi, Bluetooth ina njia mbili: moja ya muziki, isiyobeba maiki, na nyingine ya simu, inayokwenda na kurudi lakini hupima sauti mara 8,000 au 16,000 tu kwa sekunde, wakati muziki wa CD hupimwa mara 44,100. Ukiongea, unahamishiwa njia ya simu.

Na mwangwi je? Ukisikia sauti yako mwenyewe ikikurudia, usiguse hedifoni yako. Mwenye kosa ni mwenzako anayecheza kwa spika ya wazi. Maiki yake inakuokota kutoka kwenye spika na kukurudisha ulikotoka.

Tulirudi nyumbani tumeshinda. Saa tatu usiku kijana akaanza tena: "Mnanisikia? Mnanisikia?" Hawakumsikia.

Ndipo nilipokumbuka swali ambalo fundi aliuliza mwanzoni nikaliona la kupitisha muda: "Mnakaa karibu na mpaka?" Nilitazama juu ya kioo cha simu. Jina la mtandao lilikuwa la Uganda. Baada ya dakika chache likawa la Kenya. Kisha hakuna kitu, kisha la Uganda tena.

Kila mnara hujitangaza kwa namba ya nchi yake: 639 kwa Kenya, 641 kwa Uganda. Simu iliyowekwa kuchagua yenyewe hushika ule wa nyumbani kwanza, lakini ukififia, huvuka, na mawimbi ya mnara hayasimami kwenye lango la uhamiaji. Gemu linaweza kuvumilia pengo dogo. Mchezaji ataganda kidogo, kisha ataruka mbele. Sauti haivumilii. Hukatwa vipande, kwa kawaida vya milisekunde 20 kila kimoja, yaani vipande 50 kwa sekunde, na kipande kilichochelewa hakisubiriwi. Kinatupwa.

Tena vipande hivyo husafiri mbali kuliko unavyodhani. Hapa ndipo neno bodaboda lilipozaliwa, kwa baiskeli zilizovusha watu kati ya kituo na kituo kwa dakika chache. Sauti ya mpwa wangu haipandi boda. Seva za gemu kubwa nyingi ziko Ulaya, Mashariki ya Kati au Afrika Kusini, kwa hiyo inashuka hadi Mombasa na kuingia baharini. Ya rafiki yake wa ng'ambo inaanzia Uganda, nchi isiyo na pwani, ambayo sehemu kubwa ya intaneti yake hupitia Kenya kwa nyaya zinazovuka papa hapa Busia na Malaba. Vijana wawili wanaoweza kupeana mkono kabla chai haijapoa wanaongea kupitia bahari. Ndani ya nyaya za kioo mwanga huenda kama kilomita 200,000 kwa sekunde, hivyo kila kilomita 1,000 hula milisekunde 5, mbali na foleni za njiani. Sauti ikichelewa zaidi ya milisekunde 150 kwenda upande mmoja, watu huanza kukatizana maneno. Tarehe 12 Mei 2024, nyaya za baharini za EASSy na SEACOM zilipokatika nje ya pwani ya Afrika Kusini, intaneti ilidorora kote Afrika Mashariki, na nina hakika hedifoni nyingi zisizo na hatia zilitupwa wiki hiyo.

Dawa ya mpwa wangu ilikuwa ya bure. Tuliingia kwenye mipangilio ya simu, tukazima uteuzi wa otomatiki, tukachagua mtandao wa Kenya kwa mkono. Tangu hapo wanamsikia, pamoja na honi za malori ambazo hakuna fundi anayeweza kuzinyamazisha.

Ila ukifanya hivyo, siku utakayovuka kwenda Busia ya pili kumbuka kurudisha otomatiki. Usiporudisha, simu yako huenda isiite hadi urudi Kenya.